Mmohikani wa Mwisho Hakuwa wa Mwisho

Mwaka 1757, kwa mujibu wa riwaya mashuhuri kuliko zote za misitu ya Amerika ya kale, taifa la Wamohikani lilifika ukingoni. Kijana wa mwisho akazikwa, baba yake akabaki mkiwa, na mzee wa miaka mia na ushee akatamka neno la kufunga kaburi. Mwaka huohuo, katika kijiji cha Stockbridge, Massachusetts, alizaliwa mtoto wa Kimohikani aliyekuja kuitwa Hendrick Aupaumut. Alikua, akapigana upande wa Wamarekani katika vita vya kudai uhuru, akafikia cheo cha kapteni, akatumwa na serikali ya Marekani kuzungumza na mataifa ya wenyeji wa magharibi, na kati ya shughuli hizo akaandika historia ya watu wake. Alifariki 1830, miaka minne baada ya riwaya hiyo kuchapishwa.

Nimeanza na Aupaumut kwa sababu msomaji akishika riwaya ya kihistoria, jambo la kwanza analouliza ni kama mambo yale yalitokea kweli. Si swali baya, ila kwa riwaya za namna hii ni wavu unaonasa dagaa na kuachia papa. Vita vinaweza kuwa vya kweli, tarehe ikawa sahihi, hata jina la jenerali likawa lenyewe, na bado kitabu kikakupotosha kwenye jambo zito kuliko hayo yote: nani anatoka hai, na nani anajaliwa watoto.

Kitabu chenyewe ni The Last of the Mohicans, yaani Mmohikani wa Mwisho, cha James Fenimore Cooper, kilichotoka 1826. Cooper alizaliwa 1789 na kukulia Cooperstown, mji ulioanzishwa na baba yake mzazi katika jimbo la New York. Alifukuzwa chuo cha Yale, akaenda baharini, akaingia jeshi la wanamaji, na riwaya yake ya kwanza haikutoka mpaka 1820. Aliandika riwaya tano kuhusu mwindaji mmoja wa kizungu, Natty Bumppo, tangu ujana hadi kifo. Hakuzifuata kwa mpangilio. Alimuua Natty mwaka 1827, kisha wasomaji bado wakimtaka, akamfufua 1840, na mwaka 1841 akamrudisha ujanani kabisa.

Kisa ni hiki. Mabinti wawili, Cora na Alice, wanapita msituni kumfuata baba yao, Kanali Munro, anayeshika ngome ya Waingereza iliyozingirwa na Wafaransa. Anawasindikiza Meja Duncan Heyward. Magua wa Wahuroni, anayewaongoza njia, anawageuka. Natty na rafiki zake wawili Wamohikani, Chingachgook na mwanawe Uncas, wanawaokoa. Mabinti wanatekwa tena, wanaokolewa tena, na hivyo hivyo kwa kurasa mia kadhaa, huku vijiti vikavu vikikanyagwa na kutoa sauti kila adui anapokaribia. Mark Twain alikifanyia mzaha kijiti hicho mwaka 1895, na tangu hapo kila mchambuzi anakitaja, kwa hiyo nami nimekitaja, tuendelee.

Umbo hili la kisa lilitoka sehemu mbili. Walter Scott wa Uskochi, kuanzia 1814, alikuwa amewafundisha waandishi kumchukua kijana wa kubuni na kumweka katikati ya vita vya kweli, huku watu wakubwa wa historia wakipita kando. Hiyo ndiyo sehemu ya kwanza. Ya pili ni masimulizi ya mateka, ambayo walowezi wa Amerika waliyasoma karibu kama walivyosoma Biblia. Mary Rowlandson, mke wa mchungaji, alitekwa Februari 1676 huko Lancaster, Massachusetts, akakaa mateka majuma 11, akakombolewa kwa pauni 20, na mwaka 1682 kisa chake kikachapishwa. Baadaye, Julai 1776, binti wa mwindaji Daniel Boone alitekwa pamoja na wenzake wawili kule Kentucky. Baba yake akafuata nyayo msituni na kuwarudisha. Ukikisoma kisa cha Boone halafu ukafungua Cooper, utaona kamba iliyofumiwa kitabu kizima.

Sasa tuje kwenye vita, maana hapa Cooper anastahili haki yake. Ngome ya William Henry, kusini mwa ziwa George, ilizingirwa kweli na jenerali Montcalm mwanzoni mwa Agosti 1757. Kamanda wake kweli aliitwa Monro (ndiye Munro wa Cooper). Jenerali Webb, aliyekuwa na jeshi mwendo wa siku moja tu kutoka hapo, kweli alikataa kuleta msaada, na barua yake ya kukataa kweli iliangukia mikononi mwa Wafaransa, wakampelekea Monro aisome. Tarehe 9 Agosti Waingereza walisalimu amri kwa masharti ya heshima: watoke na bunduki zao za gumegume bila risasi, na wasipigane tena kwa miezi 18. Kesho yake msafara wao ukashambuliwa na wapiganaji wenyeji waliokuja na Montcalm. Mabinti ni wa kubuni. Monro wa kweli alifariki Albany mwezi Novemba mwaka huohuo.

Kwa muda mrefu ilisemwa kwamba waliouawa siku ile walikuwa hadi 1,500. Mwanahistoria Ian Steele, aliyepitia orodha za askari na kuchapisha matokeo yake 1990, alifikia makadirio ya watu 69 kwa uchache na 184 kwa wingi. Wengine wengi walichukuliwa mateka na baadaye wakakombolewa. Lakini mimi hesabu hainisumbui kama sababu inavyonisumbua. Montcalm alikuwa na wapiganaji wenyeji karibu 1,800 kutoka mataifa zaidi ya 30, baadhi wakitoka ng'ambo ya Maziwa Makuu (ya kwao, si haya yetu ya Victoria na Tanganyika). Hawakuwa askari wa mshahara. Ujira wao ulikuwa nyara na mateka wa kurudi nao nyumbani kama ushahidi wa safari. Montcalm akakaa na Waingereza, wakaandikiana masharti ya kiungwana ya Ulaya, na hao washirika wakaambiwa warudi kwao mikono mitupu. Mkataba uliandikwa bila wao, nao hawakuona kwa nini uwafunge. Wengine waliingia wodi ya wagonjwa na kufukua makaburi wakitafuta nyara, wakaondoka na ndui. Ugonjwa ulifuata mitumbwi hadi vijiji vya mbali sana, na miaka iliyofuata Wafaransa hawakupata tena washirika wengi kiasi kile.

Riwaya inayaacha hayo karibu yote. Ndani yake mauaji yanatoka kwenye kifua cha mtu mmoja, Magua, ambaye Munro aliwahi kumchapa viboko kwa ulevi. Cooper hakumnyima sababu. Magua anaieleza mwenyewe, kwa ufasaha kuliko wazungu wote wa kitabuni, kwamba pombe hiyo waliileta haohao wanaomchapa. Lakini ugomvi wa mataifa juu ya ujira, mkataba na heshima umegeuka kisasi cha mtu mmoja mwenye roho mbaya. Ukilikuta jambo hili mara moja utalikuta kila mahali katika riwaya za aina hii: wazungu wana siasa, wenyeji wana hasira.

Majina nayo ni vurugu. Waswahili tulirithi neno "Wahindi Wekundu", linalobeba kosa la Columbus pamoja na rangi ya kubandikwa, na ukilitumia Kariakoo utaeleweka vingine kabisa. Heri kutaja taifa kwa jina lake. Hapo ndipo Cooper alipojichanganya. Wamohikani ni watu wa mto Hudson. Wamohegani ni watu wengine, wa Connecticut. Uncas wa kweli alikuwa kiongozi wa Wamohegani, na wala hakufa kijana: mwaka 1637 alikuwa upande wa Waingereza walipoteketeza kijiji cha Wapekwoti huko Mystic na kuua mamia ya watu, na aliendelea kuongoza hadi uzee, akafariki karibu mwaka 1683 akiacha kizazi. Leo Wamohegani wanatambuliwa na serikali ya Marekani na wanamiliki kasino kubwa. Cooper alichukua jina la mzee yule mjanja wa siasa, akampa kijana mrembo asiye na mke, akamzika.

Wamohikani wenyewe, mwaka 1757, walikuwa na kikosi chao ndani ya vita hivyohivyo, upande wa Waingereza. Cooper alipoandika, wengi wao walikuwa wakiishi katikati ya jimbo la New York, jimbo lake yeye, wakisukumwa kuhamia Wisconsin. Huko Wisconsin, mwaka 1828, Mmohikani aliyeitwa Electa Quinney alifungua shule na kusomesha watoto. Wajukuu zao wapo Wisconsin hadi leo, taifa la Stockbridge-Munsee, lenye serikali yake, maktaba na makumbusho.

Basi kwa nini awaite wa mwisho? Hapa ndipo inapobidi kuacha vita na kutazama ndoa.

Katika sura ya 16, Duncan anakwenda kwa Munro kuchumbia. Munro anadhani anamtaka Cora, binti mkubwa, jasiri na mwenye akili. Kumbe anamtaka Alice. Mzee anawaka, anadhani amejua sababu, na anafungua siri: mama yake Cora alikuwa mwanamke wa visiwa vya Karibi, na upande mmoja wa nasaba yake ulitokana na watumwa Waafrika. Duncan, mzaliwa wa kusini, anakana kwamba anambagua, huku mwandishi akitunong'oneza kwamba chuki hiyo imo ndani yake kama aliyozaliwa nayo. Watu wengi waliotazama filamu ya 1992 hawajui jambo hili hata kidogo, kwa sababu filamu ililiondoa. Mimi pia nilianza na filamu, na nilipofika sura ya 16 niliirudia mara mbili.

Uncas anampenda Cora. Magua anamtaka Cora. Wote watatu wanakufa juu ya jabali moja, karibu kwa wakati mmoja. Duncan na Alice wanaoana. Kwenye mazishi wasichana wa Kilenape, taifa jingine la wenyeji, wanaimba kwamba Uncas na Cora watakutana ahera, na Natty anatikisa kichwa. Kisha Munro, baba aliyefiwa, anamwomba Natty awatafsirie wenyeji kwamba iko siku wote watakusanyika mbele ya Mungu mmoja bila kutofautishwa kwa jinsia, cheo wala rangi. Natty anakataa kutafsiri. Anasema kuwaambia hivyo ni sawa na kuwaambia kwamba theluji haiji wakati wa baridi. Mkalimani anayajua maneno ya pande zote mbili na anaamua yasivuke. Sijui tukio jingine katika fasihi ya Marekani ya zama hizo linalosema mengi kwa maneno machache hivyo, na nashuku Cooper mwenyewe hakujua alichokiandika.

Hesabu sasa. Uncas hana mtoto. Chingachgook amebaki bila mtoto. Natty, rafiki wa wenyeji, hataoa kamwe. Cora amekufa na damu yake. Duncan na Alice ndio wenye kizazi, na kizazi hicho kinatokea katika riwaya iliyofuata, ya 1827, kwa sura ya mjukuu wao, afisa wa jeshi la Marekani. Jina lake ni Duncan Uncas Middleton. Jina la Uncas limerithiwa, tena kwa heshima na machozi, na mwenye kulirithi ni mjukuu wa mlowezi.

Machozi hayo yalikuwa na kazi nje ya kitabu. Mei 1830 rais Andrew Jackson alitia saini sheria ya kuwahamisha wenyeji kuvuka mto Mississippi. Desemba mwaka huo aliliambia Bunge kwamba kumsindikiza kaburini mtu wa mwisho wa kabila lake ni jambo la huzuni, kisha akaeleza kwa nini huzuni hiyo isizuie kitu. Sisemi Jackson aliitoa kwenye riwaya. Fikra hiyo ilikuwa imetanda hewani, na riwaya ziliipa sauti ya kinanda: wanaondoka wenyewe, kama jua linavyotua. Anayehuzunika kwa jua kutua hajihesabu kuwa mwizi.

Msomaji wa Kiswahili atasema umbo hili analijua, na ni kweli. Waliosoma Mashimo ya Mfalme Sulemani, riwaya ya Rider Haggard katika tafsiri ya tangu enzi za ukoloni, wanamkumbuka Umbopa, mtumishi anayevua nguo na kuonyesha nyoka aliyechanjwa mwilini, ikajulikana kuwa ndiye mfalme halali. Uncas naye anachaniwa nguo mbele ya Walenape, na kifuani anaonekana kobe wa buluu aliyechanjwa. Adui wanageuka raia wake papo hapo. Mwongozaji mzungu anayejua pori, mwenyeji wa damu ya kifalme, mabonde yasiyojulikana: mashine ni ileile, imehamishwa kutoka New York hadi kusini mwa Afrika, miaka sitini baadaye. Tofauti ni moja. Umbopa anaachwa hai atawale, kwa sababu wazungu wa kile kitabu wanarudi kwao na almasi mfukoni. Walowezi wa Cooper wamekuja kukaa.

Kusema kwamba zama zile zilikuwa hivyo, mwandishi angefanyaje, ni kumwonea mwandishi mwingine aliyezaliwa 1789 kama Cooper. Catharine Maria Sedgwick alizaliwa Stockbridge, kijiji kilekile cha Aupaumut, Wamohikani wakiwa wamekwisha hama na ardhi yao imeishia kwa walowezi, ukoo wa mama yake, akina Williams, ukiwemo. Aliyemlea kwa sehemu kubwa ni Elizabeth Freeman, mwanamke mtumwa wa asili ya Afrika aliyefungua kesi mwaka 1781 kudai uhuru wake na kushinda, wakili wake akiwa baba yake Catharine. Mtoto aliyekulia mikononi mwa mama huyo alikuwa na sababu ya kuuliza maswali mengine.

Riwaya yake, Hope Leslie, ilitoka 1827. Maangamizi ya Mystic hayasimuliwi na kapteni wa Kiingereza. Yanasimuliwa na Magawisca, binti wa Kipekwoti aliyenusurika. Na msichana mmoja wa kizungu aliyetekwa utotoni, Faith, anakua, anaolewa na kaka yake Magawisca, na ndugu zake wanapomfuata anakataa kurudi. Sedgwick hakuhitaji kubuni sana. Katika ukoo wa Williams alikuwepo Eunice, aliyetekwa Deerfield mwaka 1704 akiwa na miaka saba, akaolewa na Mmohawk kule Kahnawake, kijiji cha Wamohawk huko Kanada, akasahau Kiingereza, akazaa watoto, na akafa 1785 bila kukubali kurudi. Baba yake, mchungaji, aliomba kwa miaka mingi. Katika Mmohikani wa Mwisho, pamoja na kurasa zote zile za mateka, Cooper hakumpa mateka wake hata mmoja nafasi ya kupenda alikopelekwa. Sedgwick naye hakutoka safi: mwishoni Magawisca anaondoka kwenda magharibi na kutoweka. Lakini anaondoka kwa miguu yake na amekwisha sema yake.

Mtindo haukuishia karne ya 19. Mwaka 1937 Kenneth Roberts alipata wasomaji wengi mno kwa riwaya kuhusu kikosi cha Robert Rogers, cha upande wa Waingereza, kilichochoma kijiji cha Waabenaki cha St. Francis alfajiri ya 4 Oktoba 1759. Rogers aliripoti kuua watu 200. Taarifa za Wafaransa zinataja kama 30. Waabenaki wana habari yao, iliyokusanywa na mtafiti Gordon Day katikati ya karne ya 20 kutoka kwa wazee waliopokezana kwa mdomo: usiku ule mgeni mmoja, mwenyeji aliyekuja pamoja na kikosi, alijipenyeza hadi walipokuwa wakicheza ngoma akawaonya, na wengi wakakimbia kujificha kabla ya alfajiri. Masimulizi hayo yangeweza kupatikana tu kwa wajukuu wa waliokimbia. Kijiji kipo mpaka leo, Quebec, kinaitwa Odanak.

Na yupo mtu wa kwetu kwa maana ya bara. Mwaka 1528 Wahispania mamia kadhaa walishuka Florida. Miaka minane baadaye walitokea Mexico wanne tu, baada ya kutembea bara zima wakiwa watumwa, wachuuzi na waganga. Kitabu cha mmoja wao, Cabeza de Vaca, kilitoka 1542, na sentensi yake ya mwisho inamtaja wa nne: Estevanico, mtu mweusi msema Kiarabu, mzaliwa wa Azemmour, Moroko. Ndiye aliyekuwa akitangulia mbele, akizungumza na wenyeji, akiulizia njia. Kauawa 1539 katika nchi ya Wazuni. Hakuachiwa aandike hata ukurasa. Mwaka 2014 Laila Lalami, mzaliwa wa Moroko, alimwandikia riwaya nzima, The Moor's Account, na kumpa yeye kalamu, na kitu cha kwanza anachopewa ni jina la kuzaliwa, ambalo Lalami amelibuni: Mustafa. Kama una nafasi ya kusoma kitabu kimoja tu kati ya hivi vyote, soma hicho kwanza, halafu rudi kwa Cooper ukiwa na sura ya 16 kichwani.

Chini kidogo ya Albany, alikofia Kanali Monro, mto Hudson una kisiwa kiitwacho Papscanee. Mwaka 2021 ekari 156 za kisiwa hicho zilirudishwa kwa Wamohikani wa Wisconsin, nao ndio wamiliki wake hivi sasa.